Barua kwa Saida: jina juu ya jalada

Tanga, Jumatano usiku

Shoga yangu Saida,

Salamu nyingi. Huku hatujambo, mama anakusalimu, mguu wake umepata nafuu.

Maneno yako ya Jumapili hayajanitoka moyoni. Makala uliyoihangaikia wiki tatu itoke bila jina lako, kisha uambiwe ushukuru kwa kuwa imetoka! Kwenye simu nilikosa la kusema. Sasa ninalo, maana siku hizi namsoma mwandishi mmoja wa Kifaransa, mwanamke aitwaye Colette, na kila nikifungua kitabu nakuona wewe.

Alizaliwa mwaka 1873 katika kijiji cha Saint-Sauveur-en-Puisaye. Akiwa na miaka 20 akaolewa na bwana wa Paris aliyejiita Willy. Huyu Willy alikuwa na watu wa kumwandikia, yeye kazi yake kutia jina. Mkewe naye akawa mmoja wao, tena akawa anafungiwa chumbani aandike. Riwaya yake ya kwanza, ya msichana aitwaye Claudine, ikatoka 1900, wasomaji wakaigombea, na juu ya jalada limeandikwa jina la mume. Zikafuata tatu nyingine, vilevile. Walipokwisha kutengana, mwaka 1907, Willy akaziuza haki zote bila hata kumwambia.

Hapo nilifunga kitabu, Saida. Nilikasirika kama vile ni jana.

Yeye akapanda jukwaani kuigiza apate chakula, huku anaandika. Mwaka 1910 akaanza kuandikia gazeti la Le Matin. Alipanda puto la injini, akaenda Verdun, karibu na uwanja wa mapigano, wakati wa Vita vya Kwanza vya Dunia, akakaa mahakamani kwenye kesi ya Landru, muuaji wa wanawake, akimchungua uso. Baadaye akawa ndiye anayechagua hadithi za gazeti. Kijana Georges Simenon, aliyekuja kuwa mwandishi mashuhuri wa riwaya za upelelezi, alikuwa akimletea zake, naye Colette anazirudisha: ondoa fasihi, yaani maneno ya mapambo, ondoa yote. Simenon alilishika neno hilo maisha yake yote. Na mimi nimelibandika ukutani.

Kwa miaka mingi alitia sahihi "Colette Willy". Mwaka 1923 tu, ana miaka 50, ndipo riwaya yake, Le Blé en herbe, ilipotoka na neno moja: Colette. Alipofariki, 1954, Jamhuri ya Ufaransa ilimfanyia mazishi ya kitaifa.

Kwa hiyo nakuomba, rudi kwa mhariri wako, udai jina lako kwa maandishi. Usiende peke yako, nenda na yule dada wa chumba cha habari uliyenisimulia.

Kuna jambo moja sijakwambia. Wengi hudhani Colette ni jina lake la kwanza. Ni la baba yake, kapteni aliyepoteza mguu vitani Italia mwaka 1859. Mzee huyo alikuwa na rafu ya vitabu vyake mwenyewe, vimejalidiwa vizuri, kila kimoja na jina lake la kitabu. Alipokufa wakavifungua: kurasa tupu, mamia kwa mamia. Ukurasa mmoja tu ulikuwa na maandishi, wa kumtunukia mkewe. Kaka yake Colette, aliyekuwa daktari, akaandikia wagonjwa dawa kwenye karatasi zile, mama akafunikia mitungi ya jemu.

Jina la mzee yule ndilo lililoko juu ya jalada mpaka leo.

Niandikie ukishaonana na mhariri.

Wako akupendaye,
Rehema