Kipa haoni mchezo? Nani kawaambia?

Mhariri,

Nanunua gazeti lako tangu likiwa na kurasa nane na sijawahi kukuandikia, hata siku ile mlipochapisha msimamo wa ligi wa mwaka wa nyuma. Nilinyamaza. Lakini makala ya makocha wa kigeni iliyotoka Jumatatu ya wiki juzi imenishinda. Unaikumbuka, ile yenye kichwa cha habari kirefu kuliko habari yenyewe.

Mwandishi wenu anasema makipa hawafai ukocha kwa kuwa kipa anaangalia mpira, haoni mchezo. Halafu, mistari minne tu chini yake, anamtaja Platko kuwa beki wa Kihispania aliyewahi kuifundisha Barcelona. Mhariri, Ferenc Platko hakuwa beki wala Mhispania. Alikuwa kipa, Mhungaria, mzaliwa wa Budapest mwaka 1898. Yaani ushahidi wa kumuumbua mwandishi kauleta mwenyewe, ila kauvalisha jezi ya mtu mwingine.

Nina kaunta buku ambamo naandika makipa wote waliogeuka makocha, na Platko yupo ukurasa wa kwanza. Alifika Barcelona mwaka 1923, watu wakiwa bado wanamlilia kipa wao Ricardo Zamora aliyeondoka. Mei 1928, fainali ya Kombe la Hispania kule Santander dhidi ya Real Sociedad, alijirusha miguuni kwa mshambuliaji akapigwa teke la kichwa, damu ikamwagika, akatolewa nje kushonwa. Siku hizo hakuna kubadilisha mchezaji. Ukiumia, wenzako wanabaki pungufu. Akarudi golini na bandeji kichwani! Mechi ikaisha 1-1, ikarudiwa ikawa sare tena, mpaka ya tatu mwezi Juni ndipo Barcelona wakashinda 3-1. Mshairi Rafael Alberti aliyekuwapo uwanjani akamtungia shairi. Sisi wa Tanga, kwa Shaaban Robert, tunajua uzito wa kutungiwa shairi, na sijasikia beki aliyetungiwa. Baada ya kuvua glovu ndipo kazi ilipoanza. Akaifundisha Barcelona msimu wa 1934-35, kisha akavuka bahari hadi Chile, akaipa Colo-Colo ubingwa mwaka 1939, akaupa tena mwaka 1941 bila kufungwa mechi hata moja ya ligi, na tena mwaka 1953. Katikati hapo alifundisha River Plate, baadaye Boca Juniors, mahasimu wa Argentina, ambayo ni sawa na mtu kuifundisha Simba kisha Yanga na bado akapata usingizi. Ndiye aliyewapelekea Wachile mfumo wa WM, ule wa kuwapanga wachezaji kwa umbo la herufi hizo mbili, pamoja na yule mchezaji wa kumfuata mpinzani hatari kila aendako, ambaye kule walimwita hafu polisi. Sasa namuuliza mwandishi wenu: wazo la kumwekea mtu polisi angelipata nani, kama si yule anayesimama nyuma dakika tisini akiona nani kaachwa peke yake na nani anajifanya kafunga kamba za viatu? Kipa ndiye pekee uwanjani ambaye wachezaji wote ishirini na mmoja wako mbele ya macho yake. Mwaka 1955 Barcelona wakamrudisha, wakakosa ubingwa wa ligi kwa pointi moja nyuma ya Athletic Bilbao. Hivyo ndivyo anavyokosa mtu asiyeona mchezo. Alifia Santiago, mzee.

Hasira hii ina chanzo, sikufichi. Nami nilikuwa kipa wa timu ya mtaa. Mwaka 1986, kwenye ndondo, nilijirusha miguuni kwa jamaa mmoja mwenye njumu za misumari, akanichana juu ya nyusi. Kipa wa akiba hatukuwa naye. Mama muuza mihogo alichana pindo la khanga yake akanifunga, nikarudi golini nikiona kwa jicho moja, na penalti ya dakika za mwisho nikaipangua. Kovu lipo, ukitaka njoo ulione. Miaka ishirini na kitu baadaye timu ileile ilipotafuta kocha nikaomba. Nikaitwa kwenye kikao, nikaandika mfumo wangu ukutani kwa chaki, wazee wakatikisa vichwa vizuri tu. Mwishoni kiongozi mmoja akaniambia, "Mzee wangu, wewe ulikuwa kipa. Tutakupa wale makipa wawili uwanoe." Kazi akapewa kijana aliyewahi kuwa winga, ambaye muda wote wa mechi alikuwa anasimama upande wetu wa kivuli akitafuna karanga. Winga ndiye anayeona mchezo! Siku hiyo ndipo nilipoanza lile kaunta buku.

Na ndiyo hali ilivyo mpaka juu. Juma Pondamali mnamkumbuka wote, alidaka fainali za Afrika mwaka 1980 kule Nigeria, na mkimwandika kwenye ukocha mnamwandika kocha wa makipa. Wazungu wamempa Mreno Nuno Espírito Santo timu za Ligi Kuu ya Uingereza, na yule Mbelgiji Raymond Goethals aliipa Marseille Kombe la Ulaya mwaka 1993. Makipa wote hao. Wamo kwenye buku, ukurasa wa tatu na wa nne.

Halafu kuna picha zenu. Kila mkimtoa kipa gazetini yuko chini, mdomo wazi, anaangalia nyavu, na aliyefunga anashangilia juu yake. Nimehesabu kuanzia Januari: picha kumi na saba za makipa, kumi na sita wamelala. Wa kumi na saba alikuwa anachota mpira wavuni. Mtoto gani atataka kudaka? Hapa uwanjani kwetu eneo la goli lina shimo la kutosha kuoshea kuku, mvua ikinyesha linajaa, na kijana anayedaka sasa hivi amevaa glovu za mafundi wa zege kwa sababu zile zenyewe hana uwezo nazo. Hilo nalo halijawahi kupata hata aya moja kwenu, lakini mshambuliaji akinyoa kiduku mnampa nusu ukurasa.

Naomba mawili. Kwanza, kila Jumanne, ukurasa wa michezo, chini kulia pale mnapoweka tangazo la mganga wa nguvu za kiume, muweke picha ya kipa aliyesimama. Miguu yote miwili iwe chini, na jina lake liandikwe sawasawa. Pili, mwandishi wenu aje Tanga Jumapili yoyote. Nauli ajilipie, kigoda nitampa mimi. Nitamkalisha nyuma ya goli letu la upande wa barabara, saa kumi jioni, jua likimpiga usoni, na kipenga cha mwisho kikilia atanitajia mchezaji gani alikuwa hakabwi na nani. Akipata watatu nitamnunulia soda. Asipopata, aandike upya ile habari ya Platko, na safari hii asimfanye beki.

Kipa mstaafu,
Tanga