Mlinzi wa gereza ana jina

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika ukurasa wako nirekebishe maelezo ya picha mliyoichapisha pamoja na makala kuhusu filamu ambazo Wamarekani walikwenda kuzitengeneza Ufilipino miaka ya 1970. Chini ya picha hiyo, iliyotoka katika The Big Bird Cage ya mwaka 1972, mmewataja waigizaji Pam Grier na Sid Haig, kisha mkaongeza "na mlinzi wa gereza". Mlinzi huyo ni Vic Diaz, Mfilipino aliyecheza filamu zaidi ya 100, za Kitagalogi na za Kiingereza.

Makala imeeleza vizuri kilichomvutia mtayarishaji wa filamu wa Kimarekani Roger Corman na wenzake: gharama ndogo, misitu ya kutosha na mafundi wanaoelewa Kiingereza. Lililosahaulika ni kwamba steringi aliweza kuletwa kwa ndege kutoka Marekani, lakini adui alitafutwa pale pale, na mara nyingi aliyepatikana alikuwa Diaz. Sisi tuliokulia kwenye mabanda ya video tunajua kwamba steringi hafi. Wasiwasi wote wa mtazamaji hubebwa na adui, na adui akipwaya, hata ngumi za steringi huonekana za bure.

Mwaka 1964 Diaz alikuwa amekwisha kucheza na Jack Nicholson, kijana asiyejulikana bado, katika Flight to Fury ya Monte Hellman, akiwa miongoni mwa wanaozifukuzia almasi za wizi. Wapo wanaomfananisha na Peter Lorre, mwigizaji wa zamani wa Hollywood aliyejulikana kwa nafasi za uadui, na mfano huo si mbaya, ingawa sijamwona Lorre akitokwa jasho kiasi kile. Lakini kwangu kazi yake kubwa ni Beast of the Yellow Night ya mwaka 1971, iliyoongozwa na Eddie Romero, ambaye mwaka 2003 alitunukiwa heshima ya Msanii wa Taifa wa Ufilipino. Humo Diaz ni Shetani, tena asiye na pembe wala mkia: mtu mnene, mchangamfu, anayemkuta mtoro wa jeshi akiwa hoi msituni na kumwahidi uhai kwa sharti la kuwa mtumishi wake, akizungumza kwa utulivu wa mwenye duka anayejua kuwa mteja hana pengine pa kwenda.

Kweli, si nafasi zote zilizomstahili. Rocco, yule mlinzi wa kwenye picha yenu, ni mtu wa kuchekwa, anayelaghaiwa kimapenzi na Django, mwasi anayechezwa na Sid Haig, mpaka mwasi huyo anapata ajira ya ulinzi humo humo gerezani, na kichekesho chenyewe kimechakaa. Hata hivyo, ukimwondoa Rocco, Haig hana mlango wa kuingilia. Naomba basi toleo lijalo liyarudie maelezo ya picha hiyo, jina la Diaz likiwa kati ya yale mawili, mahali alipokuwa amesimama.

Msomaji wako,
Tanga