Virginia McKenna hakupotea popote

Mhariri,

Ukurasa wenu wa filamu wa Jumamosi nimeusoma mara mbili nikidhani ni macho yangu. Eti Virginia McKenna, yule mwigizaji Mwingereza, aling'aa na Born Free, ile filamu ya simba, halafu basi, akapotea. Akapotea wapi jamani?

Huyu mama alikuja Kenya akiwa staa tayari kwao Uingereza, A Town Like Alice ya 1956 ndiyo ilimpa BAFTA, tuzo kubwa ya filamu kwao, 1958 akaigiza Violette Szabo yule jasusi wa vita ya pili. Born Free ikafuata 1966, yeye kama Joy Adamson, yule mama aliyemlea simba Elsa hapa Kenya, na mumewe wa kweli Bill Travers kama George, mume wa Joy. Na baada ya simba? 1974 kwenye TV alikuwa mke wa Churchill, Richard Burton ndo Churchill mwenyewe, na 1979 akapanda jukwaani London Palladium na Yul Brynner kwenye mchezo wa nyimbo The King and I, akapata Olivier, tuzo ya michezo ya jukwaani. Mtu amepotea hapo?

Ila kilichoniuma zaidi ni vile mmemruka ndovu. Baada ya Born Free yeye na Bill walirudi huku wakatengeneza An Elephant Called Slowly, na humo kuna kandovu kadogo kaliitwa Pole Pole, kalishatolewa mwituni kapelekwe zawadi kwa bustani ya wanyama ya London. Shuti ilipoisha wakaomba wamnunue abaki Kenya. Wakaambiwa sawa, ila atakamatwa mwingine wa kuziba pengo. Sasa hapo unasema nini? Akaenda.

Miaka ikapita, mwanzoni mwa themanini wakaenda kumwona. Yuko peke yake, zege kila upande, wao wanasimama nje ya ukuta wanaita tu, Pole Pole, na yule ndovu anageuka, anakuja mpaka ukingoni, ananyoosha mkonga mpaka unagusa mikono yao. Mimi picha yenyewe nilimwonyesha binti yangu kwenye simu akaniuliza, kwani huko London kuna mtu mwingine alikuwa anamwongelesha Kiswahili? Nikakosa jibu.

1983 wenye bustani walitaka kumhamisha, akakaa masaa mengi kwenye sanduku la kusafirishia, akaanguka, mwishowe wakampa dawa ya kumuua. Mwaka uliofuata Virginia na Bill wakaanzisha Zoo Check, shirika la kutetea wanyama wanaofungiwa, ndiyo hiyo siku hizi inaitwa Born Free Foundation, na Dame, cheo cha heshima cha Uingereza alichopewa 2023, kilikuwa kwa ajili ya wanyama, si filamu. Yaani kazi yake kubwa kuliko zote ilianzia kwenye seti, nanyi mnaiita kupotea!

Naomba mrekebishe toleo lijalo, na jina la ndovu mliweke. Maana yake taratibu najua, lakini mimi kila nikilisoma nasikia pole, pole.

Msomaji wenu,
Nanyuki