Chombo cha Tunguska kimetoka hadithini

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti lako niseme machache kuhusu makala yenu ya wiki iliyopita, ile ya mripuko wa Siberia. Mjukuu wangu wa kidato cha pili alinisomea barazani baada ya magharibi. Alipofika pale mlipoandika kuwa imethibitika kilichoripuka ni chombo cha viumbe wa sayari nyingine, alinitazama akauliza, "Bibi, mbona skuli hawatufundishi haya?"

Nimesomesha jiografia miaka thalathini na moja hapa Pemba. Hilo siwezi kulinyamazia.

Mripuko wenyewe ni kweli. Ulitokea asubuhi ya Juni 30, 1908, karibu na mto Podkamennaya Tunguska, na msitu wa zaidi ya kilomita za mraba 2,000 ukalazwa chini. Mtafiti Leonid Kulik alifika huko 1927 akiwa na yakini atakuta chuma cha kimondo kimejichimbia ardhini. Pale katikati alikuta miti imesimama wima, imepukutika matawi yote. Mwaka 1929 watu wake walilichimbia mfereji shimo moja la kinamasi, wakalitoa maji, wakitaraji kimondo kimo ndani. Chini kabisa wakakuta kisiki cha mti. Basi shimo lile halikuchimbwa na jiwe kutoka juu. Lingeanguka pale, kisiki kingesalimika vipi? Siku hizi wanasayansi walio wengi wanasema ni jiwe la angani, au kipande cha nyota yenye mkia, kilichopasuka hewani kilomita kadhaa kabla ya kufika chini.

Chombo cha angani kimeingia 1946. Mwandishi wa Kirusi, Alexander Kazantsev, alitunga hadithi fupi miezi michache baada ya bomu la Hiroshima. Kule nako miti iliyokuwa chini ya mripuko ilibaki wima, naye akawaza: je, kama Tunguska palikuwa na chombo chenye nguvu za atomiki? Ilichapwa jaridani, na wapo walioipokea kama khabari. Mwaka 1951 Stanisław Lem wa Poland akatoa riwaya ambamo chombo hicho kimetoka Zuhura, na wanaadamu wanafunga safari kwenda huko. Kazi nzuri hizo, na natamani vijana wetu wazisome kwa Kiswahili.

Bibi yangu alikuwa mtambaji hadithi. Msimu wa karafuu tukilala dago, yaani kambi ya wachumaji, na usiku tukichambua kwa mwanga wa kandili. Kimwondo kikipita, alikuwa akinyamaza, akamtaja Mungu, kisha vidole vyake vikarudi kazini: karafuu huku, makonyo huku. Baadaye ndipo husema "Paukwa!" Na sisi, hata aliyekuwa anasinzia, tukaitikia "Pakawa!" Hajatuanzia hadithi hata siku moja bila ya neno hilo, kwa hivyo majini yake yalitutisha usiku kucha na asubuhi tukaenda kisimani bila ya khofu.

Makala yenu, Mhariri, imeichukua hadithi ya Kazantsev ikaiondolea paukwa yake. Nakuombeni msahihishe toleo lijalo, na msahihishe palepale mlipokosea, siyo pembeni kwa herufi ndogo kama chungu. Kisha turudishieni ukurasa wa hadithi za mfululizo. Zamani tukinunua gazeti kwa ajili yake, tukalikata na kuliweka kwenye daftari. Andikeni juu kwa herufi kubwa HADITHI, na wapeni nafasi vijana wa Unguja na Pemba.

Huyu wangu ameshaanza yake. Kimwondo kimeangukia baharini usiku, na alfajiri wavuvi wa Kojani wanavuta juya. Wavu mzito, mikono inawauma, na maji ndani yake ni ya moto. Amekwama hapo, kila siku ananiuliza watoe nini.

Mwalimu mstaafu,
Wete, Pemba