Kuhusu shangazi na watu wa filamu

Mtwara Mjini

Ndugu yangu mpendwa,

Salamu nyingi kwako na kwa wote hapo Lindi. Sisi huku hatujambo. Barua yako imenifikia, na swali lako kuhusu shangazi nimelitafakari. Unasema watengenezaji wa filamu wanataka kukaa naye msimu mzima wa korosho, wasimhoji wala wasimpangie la kufanya, bali wamwache abangue, apike na agombane na wajukuu kama kawaida yake.

Kwa maoni yangu akubali, ila kwa sharti. Unajua jinsi anavyobangua: viganja vimepakwa majivu ili mafuta ya ganda yasimchome, mguu mmoja ameunyoosha, na mdomo haupumziki. Mbele ya kamera atavaa kanga mpya na atanyamaza. Ataizoea baadaye, lakini hata hapo atakuwa anajua kwamba anatazamwa, nami sioni kuwa huo ni uongo, maana hata mgeni akibisha hodi sote hukaa vizuri zaidi.

Ninachokihofia ni mkono wa mtengenezaji. Mwindaji wa kaskazini mwa Kanada aliyeitwa Nanook katika filamu ya Robert Flaherty ya mwaka 1922, iliyoonyeshwa kama maisha halisi, jina lake hasa lilikuwa Allakariallak, na nyumba ya theluji anayoonekana akilala ndani yake ilijengwa bila upande mmoja ili mwanga uingie. Siku hizi hila kubwa zaidi hufanyika wakati wa kuhariri: neno alilosema shangazi kwa hasira linabaki, na kicheko kilichofuata kinakatwa.

Kwa hiyo aonyeshwe filamu kabla haijatoka, na asikilizwe. Jean Rouch na Edgar Morin walifanya hivyo Paris katika filamu yao ya mwaka 1961. Washiriki walijitazama, wakabishana nani ameigiza na nani amejianika mno, na ubishi huo ukaingizwa katika filamu yenyewe.

Malipo nayo yazungumzwe mapema. Mwalimu mmoja wa shule ya kijijini nchini Ufaransa, ambaye filamu iliyomwonyesha darasani mwake ilivuma mwaka 2002, alikwenda mahakamani kudai fungu lake, akashindwa. Makubaliano yaandikwe kwa Kiswahili, naye asomewe yote. Wakileta karatasi, nitumie nakala kabla hajatia dole gumba.

Wako katika udugu,
Rafiki yako wa Mtwara