Jina la Mvua: Barua kwa Wanawake Vijana wa Chama Chetu

Wanangu,

Jumapili iliyopita, yule mwenzenu aliye na mimba ya miezi minane alinionyesha simu yake. Nikaona jina Raine. Nikamuuliza maana yake, akasema, "Dani, ni mvua, ila kwa Kizungu. Hiyo e ya mwisho ni ya urembo." Mlicheka, nami nikacheka, kisha chai ikaletwa, mkaanza kuzozana juu ya nani hajalipa mkopo wa chama, na neno langu likabaki mdomoni. Nalitoa leo kwa barua. Naiandika wazi kwa sababu najua wenye mimba si yeye peke yake, na wengine wenu bado mnaficha.

Nianze na hiyo Raine. Wapo wanaoisoma kama mvua, na wapo wanaoihusisha na neno la Kifaransa reine, ambalo ni malkia. Kwa hiyo binti anaweza kukua akijua ni mvua, siku moja akutane na mtu atakayemwambia, hapana, wewe ni malkia. Si balaa, malkia si tusi. Lakini majina ya namna hii hudanganya masikio, na hatuhitaji kwenda Ufaransa kuyaona. Chukueni Masika. Pwani masika ni mvua kubwa za Machi hadi Mei, na wapo wanaompa mtoto jina hilo kwa furaha. Kwetu Bungoma, kwa Wabukusu, Masika ni mtoto aliyezaliwa watu wakilia, nyumba ikiwa na msiba. Jina ni lile lile, tamko ni lile lile, lakini upande mmoja ni shamba linalomea na upande mwingine ni matanga. Ndiyo maana nasema jina uliulizie kwa jirani kabla hujalipeleka kwa karani.

Sasa, mnaniita Dani, yaani nyanya au bibi kwa Kijaluo, kwa sababu niliolewa Kano, hapa karibu na Kisumu, na miaka arobaini katika nchi ya Wajaluo imenifanya nisahau hata namna ya kukasirika kwa Kibukusu. Lakini jina langu ni Nafula. Efula ni mvua. Wa kiume ni Wafula, wa kike ni Nafula. Nilipofika kwa mume wangu, mama mkwe aliniuliza jina hilo lina maana gani, nikamweleza kwa Kiswahili cha kuombaomba, naye akapiga makofi: "Kumbe wewe ni Akoth!" Tangu siku hiyo hakuniita jina lingine. Koth ni mvua kwa Kijaluo. Okoth mvulana, Akoth msichana.

Hapo ndipo nilipoanza kushangaa, na sijaacha. Kibukusu ni Kibantu na Kijaluo hakina udugu nacho, lakini tazameni. Mtoto wa msimu wa mavuno kwetu ni Nekesa, kwao ni Akeyo. Wa wakati wa palizi ni Naliaka, kwao Adoyo. Aliyezaliwa kukiwa na njaa ni Nanjala, kwao Akech. Na wa mvua ni Nafula na Akoth. Ukipanda mlima kwa Wakalenjin unamkuta Cherop, wengine humwita Jerop, na kaka yake Kiprop. Watu hawa walinyang'anyana ng'ombe miaka na miaka, lakini wakati wa kumpa mtoto jina wote walitoka nje wakatazama mawingu yale yale.

Zamani zile hakukuwa na cheti cha kuzaliwa. Jina ndilo lililokuwa cheti. Nilifanya kazi wodi ya wazazi kwa miaka 31, na nimewaona bibi vizee walioletwa kutibiwa, hawajui mwaka waliozaliwa, lakini ukimuuliza jina akasema Nanjala, na ukamuuliza ni njaa ipi, anakuhesabia: kabla ya nzige, baada ya nzige. Unapata umri wake bila daftari. Nasimiyu yeye ni wa kiangazi, basi usimwandikie Aprili. Tuliandika kwa kukisia, lakini tulikisia tukiwa na pa kushika.

Mimi mwenyewe nilizaliwa Novemba 1961. Wazee wenu wataikumbuka mvua ile. Iliponyesha haikujua kukoma, Ziwa Viktoria likaanza kupanda, na kufikia 1964 lilikuwa limeinuka zaidi ya mita mbili. Kila aliyesikia mwaka wangu na jina langu alisema, naam, ndiyo hiyo mvua. Nami nikaamini hivyo hadi nilipokuwa na miaka kumi na kitu. Siku moja nikajisifu mbele ya baba kwamba mimi ni mvua ya 1961. Baba akacheka hadi akakohoa. Akasema, "Mvua ile ilikupokea tu, haikukupa jina." Nafula alikuwa mama yake. Na huyo alizaliwa mama yake akiwa shambani anapanda wimbi, ile nafaka ya uji, mvua ya kwanza ya mwaka ikamkuta huko, akajifungua chini ya mti kabla hajafika nyumbani. Mvua yangu mimi, basi, ni ile ya wimbi. Ya 1961 ni jirani aliyekuja kusalimia.

Nawaambia hili kwa sababu mtu akisikia Akoth au Nafula hudhani amemaliza: alizaliwa mvua ikinyesha. Pengine ndivyo. Pengine alizaliwa Januari vumbi likitimka, ila jina ni la nyanya yake, na ni nyanya aliyenyeshewa. Kwetu na kwa Wajaluo pia, mtoto hupewa jina la aliyetangulia, na mara nyingine marehemu huja katika ndoto kulidai. Mume wangu alisimuliwa kwamba alilia siku tatu mfululizo, wakamtajia majina ya wazee mmoja mmoja, na lilipotajwa la babu fulani akanyamaza. Mimi nikiwa nesi nilimwambia ilikuwa riahi tumboni. Hakunisamehe hadi kufa kwake.

Hapa Kisumu kuna ugomvi mwingine mtamu. Wajaluo wanayo majina ya saa: Akinyi wa asubuhi, Achieng' wa jua la mchana, Adhiambo wa alasiri, Atieno wa usiku. Na mvua ya hapa mnaijua tabia yake. Mchana upepo unatoka ziwani kwenda bara, unakutana na ule wa mashariki karibu na milima ya Nandi, wingu linajengeka, na ikifika saa kumi linarudi kwetu likiwa jeusi. Kwa hiyo mtoto wa mvua Kisumu mara nyingi ni mtoto wa alasiri pia. Je, ni Akoth au ni Adhiambo? Nimewahi kuona baba na shangazi wakizozana juu ya hilo mlangoni mwa wodi, mama mtoto amelala zake. Mtoto akaitwa yote mawili.

Msidhani mvua ni jina la mzaha huku kwetu. Bunyore, Vihiga, kuna ukoo wa Nganyi, waganga wa mvua tangu mababu. Wanatazama miti inavyochanua na wadudu wanavyohama, wanasema mvua iko wapi. Wanasayansi wa hali ya hewa walikaa nao pamoja na watu wa Chuo Kikuu cha Maseno, wakalinganisha utabiri, na wamekuwa wakishirikiana kwa miaka sasa. Na kama mnataka mfano wa mbali, Sharon Cherop wetu alishinda mbio za Boston mwaka 2012, siku ambayo joto lilikaribia nyuzi 30 hata waandaaji wakawaruhusu wakimbiaji waahirishe hadi mwaka uliofuata. Mvua ikashinda siku ya jua kali. Hilo nilicheka peke yangu mbele ya runinga.

Sasa nije kwenye jambo ambalo ndilo hasa lililonifanya niandike, na si zuri kwangu.

Mei 2020 mke wa mwanangu alijifungua. Mnakumbuka mwaka ule. Corona imefunga shule, na ziwa limepanda hadi likavuka kiwango cha 1964. Mto nao ulikuwa umevunja kingo, maji yakaingia Kano usiku, na nyumba yao ya udongo ikalala chini na kila kitu ndani yake. Alikaa na watoto wawili katika darasa la shule, mashuka yamegawanya familia na familia, na akiwa huko uchungu ukaanza. Mtoto akazaliwa salama. Nami, nikiwa nyanya na nesi na mjuaji, nikasema pale pale: huyu ni Akoth.

Akaniambia kwa sauti ya chini, "Mama, siwezi kumwita mtoto wangu kwa kitu kilichonitoa nyumbani."

Nilikuwa na jibu. Mimi huwa na jibu daima. Nikamwambia Nanjala hakuitwa hivyo kwa sababu watu waliipenda njaa. Akech vile vile. Jina ni ushahidi, nikasema, linasema tulikuwepo na tukapita. Nikaongeza kwamba mvua ni ile ile inayootesha mahindi. Nilisema vizuri, hata majirani wa nyuma ya shuka waliitikia. Yeye akanyamaza, nami nikachukua ukimya kuwa kibali. Karatasi ikaandikwa Akoth.

Sheria yetu ya Kenya ya kuandikisha vizazi humpa mzazi miaka miwili tangu mtoto aandikishwe kubadili jina lake. Sikumwambia hilo. Alilijua mwenyewe, au aliambiwa na mwingine. Mtoto akiwa na mwaka mmoja na miezi kadhaa nilitumwa kutafuta kadi ya kliniki kabatini, nikakuta cheti. Jina la marehemu mama yake, na la baba. Akoth hayupo.

Niliumia. Nilikaa wiki mbili bila kwenda kwao, nikajifanya goti linaniuma. Lakini goti lililokuwa likiuma lilikuwa ni la kiburi. Mimi nilikuwa na nyumba ya mabati mjini usiku ule. Sikubeba mtoto mgongoni kwenye maji ya kiuno. Ushahidi niliokuwa nikiuhubiri haukuwa wangu kuutoa, ulikuwa wake, na yeye alitaka kushuhudia kitu kingine: kwamba alikuwa na mama.

Nilipomwomba radhi alishangaa, akasema, "Mama, mbona tunamwita Akoth kila siku?" Kweli. Mtaani ni Akoth, kanisani ni Akoth, na mama yake mwenyewe akimgombeza kwa kumwaga maji huita Akoth kwa sauti inayofika barabarani. Alichokataa ni jina hilo kuandikwa.

Kwa hiyo wewe wa Raine, sikukatazi. Bibi zenu waliitwa Rose, Violet na Lilian, maua ambayo hawakuwahi kuyapanda, na leo hakuna anayedhani Rose ni jina geni Kisumu. Ninachokuomba ni hiki: kabla hujaandika, nenda kwenu ukamuulize bibi yako mzaa mama kama kuna Akoth, au Nafula, au Cherop katika ukoo. Usiulize kwa simu. Nenda na sukari, ukae hadi jioni. Ukimpata, uliza alinyeshewa wapi. Na mama mkwe akiwa na jina lake tayari, msikilize, kisha umwambie unachotaka wewe siku ile ile, msingoje kubadili cheti kisirisiri kama yaliyonikuta.

La mwisho ni la karatasi, nalisema kama nesi. Jina lolote mtakalochagua, liandikwe herufi zile zile hospitalini, kwenye cheti na shuleni. Mwalimu mmoja aliniambia utotoni kwamba Nafula si jina la darasani, akaandika la ubatizo na la baba tu. Kitambulisho changu kikaja na Nafula, vyeti vya mtihani havina. Nilipostaafu, mtu wa ofisi fulani aliniuliza hao wanawake wawili ni nani, na pensheni ikangoja miezi minane hadi nilipokula kiapo kwamba wote ni mimi. Anayejifungulia nyumbani naye asisahau kupita kwa naibu wa chifu mapema, mtoto aandikishwe.

Nilitaka pia kuwaambia kuhusu Nangila, aliyezaliwa njiani, kwa sababu nimemzalisha mmoja ndani ya matatu pale Ahero, lakini wingu la Nandi limeshageuka na nimeanika dagaa wa omena nje. Wacha nikaanue.

Dani yenu,
Nafula