Barua kwa Sahibu Yangu Kuhusu Mbio za Mwanawe

Majengo,
Mombasa.

Sahibu yangu mpendwa,

Asalaam aleikum. Barua yako nimeipata, na nimefurahi kusikia kwamba mwanao, ambaye majirani walidhani mtindio wa ubongo ungemkalisha kitako, sasa anataka kuwa mkimbiaji wa mbio fupi. Umeniuliza kama hiyo ni kazi ya kweli au ni maneno ya kumliwaza tu. Ni kazi, tena yenye ushindani mkali.

Mtazame Evan O'Hanlon wa Australia, ambaye naye ana mtindio wa ubongo. Kwenye Michezo ya Paralimpiki ya Beijing mwaka 2008 alitwaa dhahabu tatu, za mita 100, mita 200 na kupokezana vijiti. Miaka minne baadaye, jijini London, akashinda tena mita 200, na mita 100 akazimaliza kwa sekunde 10.79. Hapa Pwani ni vijana wangapi wasio na ulemavu wowote wanaofikia mwendo huo? Hata hivyo, mimi huvutiwa zaidi na yaliyofuata. Rio mwaka 2016 Hu Jianwen wa Uchina alimshinda katika mita 100 kwa kukimbia sekunde 10.74, na O'Hanlon akapata medali ya fedha. Kisha Tokyo, akiwa na umri wa miaka 33, alimaliza wa tatu nyuma ya Thomas Young wa Uingereza na Zhu Dening wa Uchina. Bingwa aliyeshuka hadi nafasi ya tatu na bado akashika njia yake uwanjani, huyo ndiye ningependa kijana wetu amjue.

Wakimbiaji wa aina hii hupangwa katika madaraja ya T35 hadi T38, na la mwisho ndilo la walioathirika kidogo kuliko wengine wote. Wataalamu humpima mtu misuli na viungo, halafu humtazama akishindana. Umeniandikia kwamba mkono wake wa kushoto hukunjika kwenye kiwiko anapotimka, na kwamba soli ya kiatu cha kushoto inalika nchani kwa kuwa kisigino hakitui chini. Hizo ni dalili za upande mmoja, ambazo kwa kawaida huwa za T37, daraja ambalo Mkenya mwenzetu Samson Ojuka alipatia medali ya fedha ya kuruka umbali mjini Paris mwaka 2024. Lakini kijana usimtajie daraja lolote kabla hajapimwa.

Misuli iliyokakamaa haitaki baridi wala pupa, kwa hiyo ajinyooshe taratibu kabla na baada ya mazoezi. Asilazimishwe kuinama kwenye bloku za kuanzia, zile za kuegemeza miguu, maana kanuni za madaraja hayo zinamruhusu kuanza akiwa wima, jambo ambalo walimu wengi wa michezo hawalijui. Na nakuomba sana, usimpeleke kwenye zile mbio za sikukuu ambako mtoto huachiwa ashinde kisha watu wakafuta machozi. Makofi ya namna hiyo hayamwongezei kasi.

Shule zikifungwa mlete kwangu, tumwone kwanza kwenye mita 60 tu. Aje na viatu vyake vilevile vilivyolika. Vipya usimnunulie bado, kwa kuwa nataka kuona anavyokanyaga.

Wasalimie wote nyumbani.

Ni mimi sahibu yako.